Umra ya Twaha: Hitima ya Aliye Hai

Wiki iliyopita tulimwacha Twaha nje ya mlango wa nyumba anayoishi, Al Mansoura, ghorofa ya tatu, mkono kwenye kitasa. Ndani watu walikuwa wanamwombea marehemu. Na marehemu ametajwa kwa jina lake na la baba yake, wala hakuna kukosea: Twaha bin Mbaruku.

"Jere," akanong'ona. "Wananisomea hitima."

Jeremiah, yule Mkenya, mlinzi mwenzake wa kule West Bay na mshirika wa siri yake, alikuwa ngazi moja nyuma. Akatazama viatu vilivyorundikana mlangoni.

"Manze, hapa kuna viatu mob. Nani amekufa?"

"Mimi."

"Wewe ulikufa Jumanne," Jeremiah akasema. "Na ulikufa vizuri, mpaka dairekta akapiga makofi."

Wewe unayeshika gazeti hili leo kwa mara ya kwanza, usihangaike. Kisa ni chepesi, na ni cha aibu. Wakorea wanapiga tamthilia yao hapa Doha, ile inayowakosesha watu usingizi, ya washindani waliofungiwa kwenye jumba la chini ya ardhi, anayeshindwa anakufa na wa mwisho anatoka tajiri. Msimu wa pili na wa tatu wanaipiga kwa mkupuo mmoja, ndani ya ghala kubwa nje ya mji. Walitaka sura za watu wa kila rangi. Twaha akajipeleka pamoja na Jeremiah, wakawachukua wote wawili.

Tatizo likawa ruhusa. Kampuni ya ulinzi haimpi mtu likizo akaigize sinema. Lakini mudiri wake, meneja wa kampuni, ni mcha Mungu. Mtu akimwambia anakwenda Umra, anatia saini huku machozi yanamlenga. Basi Twaha akasema anakwenda Umra. Akamdanganya mudiri, akawadanganya wenzake wa nyumbani, akampigia mama yake Tanga akamdanganya na yeye. Watu wakampa salamu ampelekee Mtume. Wakampa dua awaombee. Akapewa na dumu la kuletea maji ya Zamzam. Yeye huyo akaenda kulala ghalani, simu zimekusanywa na kufungiwa, maana Wakorea hawataki dunia ijue nani anakufa na nani anabaki.

Mtu mzima ovyo. Mimi simtetei.

Simu alikuwa amerudishiwa muda ule ule walipotolewa ghalani kwa mapumziko, haina hata tone la chaji. Kwa hiyo hakujua lolote mpaka aliposikia jina lake likiitwa na maneno ya rehema mbele.

"Twende kwangu," Jeremiah akamvuta shati. "Chaji simu, piga, sema uko hai. Msee hafufuki tu hivi bila kupiga simu kwanza."

Twaha akageuka. Wallahi aligeuka, tena alishaanza kuteremka. Hapo mlango ukafunguka.

Alikuwa Rukia, binamu yake, mke wa Ustadh Kassim mwenye nyumba. Mkononi ana sinia la pilau, anawapelekea majirani wa Kihindi wa mlango wa pili. Akamwona Twaha. Sinia likaanguka, wali ukamwagika wote juu ya viatu vya watu.

Hakupiga kelele, hapana. Alisema kwa sauti ndogo, kwa adabu, kama anavyosemeshwa mgeni.

"Kaka Twaha, umefuata nini?"

"Rukia, ni mimi..."

Ndipo ukelele ulipotoka. Lo! Ukelele ule ulisikika mpaka kwenye kibanda cha chai ya karak kule chini.

Wanaume wakatoka mbio, wakamwona, wakarudi mbio. Mmoja akaanza kusoma Ayatul Kursi, ikamkwama katikati, akaanza upya. Jitu moja la miraba minne, bondia wa zamani kutoka Kampala, likajifungia chooni likakataa kutoka.

Ustadh Kassim peke yake ndiye aliyesimama imara. Ni dereva wa familia moja ya Kiarabu, lakini kwa watu wetu wa Al Mansoura yeye ndiye imamu, ndiye mwozeshaji, ndiye mwosha maiti. Maiti hawamtishi.

"Wewe uliyesimama hapo," akasema. "Kama ni mtu, toa salamu."

"Asalaam alaykum, Ustadh."

"Kamilisha."

"Warahmatullahi wabarakatuh. Ni mimi, Ustadh. Nishike."

Ustadh akamshika mkono. Akaubonyeza. Akamshika shavu. Yule mzee asiyeogopa maiti akamwangukia Twaha kifuani, akalia kwa sauti.

Basi wakaja wote. Huyu anamkumbatia, huyu anambusu kichwa, huyu anamkanyaga vidole ili ahakikishe. Wengine Twaha hakuwa hata na mazoea nao. Kulikuwa na mpishi mmoja waliyegombana kwa ajili ya foleni ya bafu, huyo alilia kuliko wote, anasema, "Nisamehe, ndugu yangu, nilikuwa nakusengenya."

Twaha hakuwahi kujua kwamba anapendwa kiasi kile. Akaona aibu. Wangemtukana angepumua. Wangempiga vibao angeshukuru. Lakini wale watu walikuwa wanalia kwa furaha, na kila chozi lilikuwa la Umra asiyokwenda.

Wakamkalisha kwenye mkeka, katikati ya misahafu. Rukia akaleta maji. Ustadh akafuta macho, akatoa simu yake.

"Tazama mwenyewe," akasema. "Tazama kilichotuponza."

Twaha akatazama. Picha ya mtu amelazwa chali, macho yamefumba, amezungushiwa shuka jeupe, bega moja liko nje. Pembeni yake wengine wamelazwa hivyo hivyo. Hiyo ilikuwa Jumanne. Ndivyo Wakorea wanavyowalaza walioshindwa: kila mtu na shuka lake, uso wazi, ili kamera ipite taratibu juu ya sura moja moja. Twaha alikuwa wa tatu kutoka mlangoni, na alijisikia mkubwa sana siku hiyo.

"Imeingia kwenye kundi letu la Watanzania," Ustadh akasema. "Imekuja tupu, haina neno. Watu wakabishana. Huyu anasema amelala, huyu anasema ni mgonjwa. Mimi nikawanyamazisha wote."

Akashusha macho.

"Nikasema, nyinyi hamjui kitu. Nguo nyeupe haikushonwa. Bega liko nje. Na uso haukufunikwa. Maiti gani anaachwa uso wazi? Ni aliyekufa na ihramu yake tu! Huyo hafunikwi kichwa, atafufuliwa anaitikia labbayka. Na wa Makka huzikwa huko huko, hapana maiti ya kungojea. Simu yako ukipigiwa haipatikani. Nikatoa hukumu mbele ya watu, Twaha. Nikamwambia mke wangu ampigie mama yako. Mimi ndiye niliyekuua."

"Ustadh, usiseme hivyo..."

"Elimu ndogo na kiherehere kikubwa. Nisamehe, mwanangu."

Mzee akataka kumshika miguu. Twaha akairudisha miguu haraka, kama mtu aliyekanyaga moto. Mwongo ni yeye, na anayeomba radhi ni mtu mwingine! Akafungua mdomo aseme. Kweli kabisa, alitaka kusema.

"Twaha, kuja kidogo," Jeremiah akamwita kutoka mlango wa jikoni. "Kuja unionyeshe glasi."

Jikoni Jeremiah akafunga mlango kwa mgongo. Jasho lilikuwa linamtoka, na kiyoyozi kinanguruma.

"Usiseme kitu."

"Jere, mzee wa watu anataka kunibusu miguu!"

"Hiyo picha ni mimi nilipiga."

Twaha akamgeukia.

"Nilikuwa na simu ingine ndani ya soksi," Jeremiah akasema. "Nilitumia Nafula, mpenzi wangu. Nafula peke yake, naapa! Uliona vile ulilala poa, nikataka aone kazi tunafanya. Yeye akaonyesha wasichana wa kwaya ya kanisa huko Mesaimeer. Sasa sijui nani alitumia nani."

Twaha akamkamata ukosi. "Umeniua, Jere."

"Sikiza! Ukisema ulikuwa wapi, watauliza picha imetoka wapi. Wewe umeshakufa, huna cha kupoteza. Mimi niko hai mpaka msimu wa tatu. Nimepewa maneno ya kusema, buda! Mbele ya kamera, sura yangu yote! Hawa watu wanapiga misimu miwili pamoja na hadithi wanaibadilisha kila siku. Mwenye amevujisha siri leo, kesho asubuhi anaandikiwa kifo. Na korti juu yake."

"Na mimi je? Na mama yangu?"

"Mama yako anataka ukweli ama anataka mtoto? Mpatie mtoto. Jumapili turudi ghalani. Wewe ulishaambiwa utavaa barakoa, uwe askari wa lile jumba, hakuna mtu atakujua. Ukweli tutasema siku ingine."

Siku nyingine! Wangapi wamezikwa na siku yao nyingine mfukoni? Lakini Twaha alikuwa mtu aliyechoka, na aliyechoka hupenda mlango ulio karibu. Akamwachia Jeremiah ukosi. Akarudi sebuleni bila glasi.

"Haya, tuambie," Ustadh akasema. "Ilikuwaje? Ulizimia?"

Hapo ndipo aliposhikwa mkono na shetani. Jibu lilikuwa limeshatengenezwa, yeye kazi yake kulitamka tu.

"Nilizimia," akasema.

"Wapi?"

"Baina ya Safa na Marwa."

"Allahu Akbar!" watu wakapokea.

"Wakadhani nimekufa. Wakanilaza na maiti wengine. Nilipozinduka..."

Hakumaliza. Kelele za tahlili zilijaa chumba kizima. Wakamwona mtu aliyekwenda akarudi. Mpishi yule wa bafuni akampapasa bega alilolionyesha kwenye picha, halafu akajipaka mkono usoni. Hata bondia wa Kampala akatoka chooni akaja kuomba dua. Kila walivyomtukuza ndivyo Twaha alivyojiona ananuka. Alitamani sakafu ipasuke.

Kisha akaja Hamisi.

Hamisi ni Mzanzibari, mtu wa maneno machache, dereva wa lori la maji. Alikuwa amekaa ukutani muda wote hajasema kitu. Akasogea akakaa goti kwa goti na Twaha, akamwekea mkono pajani.

"Nilikupa jina la mwanangu," akasema.

Twaha alikumbuka. Sabra, binti wa Hamisi, mtoto mwenye tundu kwenye moyo, yuko hospitali kisiwani. Siku ile ya kuagana Hamisi alilitaja jina lile mara mbili mbili, akataka Twaha alirudie mbele yake, asije akalisahau akifika mbele ya Kaaba.

"Ulimwombea?"

Swali dogo hivyo. Twaha akatazama mkeka.

"Nilimwombea, kaka Hamisi."

Hamisi akafumba macho. "Basi ndiyo maana. Nilipigiwa simu asubuhi. Mtoto alikuwa hali, hasemi. Leo kaamka, kaomba uji. Mamaake akaniuliza, nini kimetokea? Nikamwambia, Twaha. Twaha kamwombea kabla hajafa."

Akaushika mkono wa Twaha, akaubusu kiganja.

Enyi wasomaji, nimeandika mengi katika kisa hiki, lakini hapa nilitaka kuiweka kalamu chini. Twaha hakuuvuta mkono. Hakuwa na nguvu za kuuvuta. Alikaa vile vile, mkono wake uko mdomoni mwa baba wa mtoto mgonjwa, na moyoni anajiambia, mimi ni mbwa, mimi ni mbwa.

"Nimewapata Tanga!" Rukia akapiga kelele kutoka chumbani.

Akaja mbio na simu, akaiegemeza kwenye chupa ya chai, kioo kimemwelekea Twaha, sauti imefunguliwa mpaka mwisho. Vigelegele vikapasuka kutoka upande wa pili. Ua mzima wa nyumba yao ulijaa wanawake, vyungu vya matanga bado viko jikoni. Ikaonekana dari, likaonekana sikio la mtu, kisha ikaonekana sura ya mama yake, amekaa barazani.

"Twaha baba. Ni wewe?"

"Ni mimi, mama. Shikamoo."

Mama alikuwa anamtazama, macho yake yanapita juu ya uso wa mwanawe, kipaji, pua, kidevu. Alikuwa amekonda. Siku chache tu zile, na alikuwa amekonda.

"Marahaba, mwanangu," akasema mwisho. "Marahaba, marahaba."

Pembeni yake akasogezwa mwanamke aliyejifunika kanga mpaka kwenye nyusi. Salma, mke wa Twaha. Walimtoa chumbani alikokuwa amekaa eda. Alimtazama mumewe akacheka na kulia kwa pamoja, mpaka wanawake wakamshika mabega.

"Nilishagawa nguo zako," Salma akasema kwa kwikwi. "Zote. Hata ile kanzu ya Idi."

"Sio neno, mke wangu. Sio neno."

"Hebu tulia, Salma, utamfaidi," mama akasema, na wanawake wakacheka. Mama akajiweka sawa kitini. Alikuwa na kitu cha kusema, na alitaka hadhira yote isikie. "Nikwambie jambo, Twaha. Miaka yote hapa mtaani mimi ni mama wa mlinzi wa geti. Wenye watoto walimu hao, wenye watoto mahakimu hao, mimi nakaa nyuma. Lakini ilipokuja habari kwamba umefia Makka na ihramu mwilini, shekhe mwenyewe alikuja hapa kwa miguu. Mke wa hakimu amenibusu mkono huu. Nililia, mwanangu, nililia nikavimba. Lakini nilimshukuru Mungu. Nikasema, mwanangu hakupotea bure."

"Mama..."

"Ngoja. Sasa Mungu amenipa vyote viwili. Umra umefanya na uhai umerudishiwa. Nani kapewa hivyo? Mimi mguu huu hautanifikisha huko tena, nimeshakata tamaa. Basi niambie wewe. Wanasema mtu akiiona Kaaba mara ya kwanza hulia. Ulilia? Niambie ulivyoiona, na hawa wenzangu wasikie."

Wanawake wa Tanga wakasogea karibu na kioo. Ustadh Kassim akakaa vizuri, maana yeye mwenyewe huipenda sana habari hiyo.

"Ni kubwa, mama," Twaha akasema.

"Kubwa vipi?"

"Kubwa. Na nyeusi."

"Nyeusi naijua, ninayo kwenye kalenda hapa ukutani," mama akasema, akitabasamu. "Mimi nataka macho yako, baba. Ulisimama wapi? Ulisema nini?"

Mlangoni Jeremiah alikuwa anatikisa kichwa, anamwomba kwa macho. Sema chochote. Sema ulilia. Na kwa kweli ilikuwa kazi rahisi, jambo la sentensi moja. Hamisi alikuwa ameinama mbele, mkono bado uko pajani mwa Twaha, anasubiri asikie jina la mwanawe lilisomwa wapi.

Twaha akautazama uso wa mama yake kwenye kioo. Ulikuwa umeng'aa, kama wa mtoto anayengoja kuonjeshwa kitu. Akajaribu kuiona Kaaba ili amsimulie. Alichoona ni ghala, na taa, na Mkorea anapiga kelele watu wafe upya kwa sababu mmoja wao amepiga chafya.

Hakuweza. Aliweza kuwadanganya walio hai wote wa Doha, ila hilo hakuweza.

"Mama, sikuiona."

"Watu walikuwa wengi?" Mama alimfungulia njia, maskini, kama mama anavyofanya. "Walikusukuma?"

"Sikufika, mama. Sikuvuka hata mpaka."

"Twaha," Ustadh akaita polepole.

"Nilikuwa hapa hapa Doha." Maneno yalikuwa yanamtoka yenyewe sasa, na machozi pamoja nayo. "Nilikuwa naigiza. Wakorea wanapiga sinema, mimi nilikwenda kuigiza. Sikupewa likizo, nikasingizia Umra. Ile picha ni ya sinema, mama. Si ihramu ile, ni shuka. Waliniambia nife, nikafa. Sikuzimia popote. Nimemdanganya Ustadh hapa hapa juu ya mkeka, na misahafu iko wazi. Nimewadanganya wote. Nisamehe, mama. Naona haya. Naona haya hata kukutazama."

Mkono uliokuwa pajani mwake ukaondoka.

Hamisi alikuwa amesimama. "Na Sabra?"

"Sikumwombea, kaka. Sikuwahi kumtaja."

Hamisi alikitazama kiganja cha Twaha alichokibusu, akafuta midomo yake kwa upande wa mkono, akatoka nje. Walimsikia mlangoni anakung'uta wali kwenye viatu vyake. Jeremiah naye hakuonekana tena.

Twaha akajilazimisha kutazama kioo. Mama alikuwa pale pale, hajasogea, ila ule mng'ao wa usoni ulikuwa umezimika wote.

Kisha nyuma yake, uani, mwanamke mmoja akacheka. Kicheko kifupi tu, cha puani. Mwingine akamwambia nyamaza, naye sauti yake inatetemeka kwa kicheko. Mama akakisikia. Aligeuka akatazama upande wa kicheko, akatazama kwa muda, kisha akairudia simu.

"Kijana," akasema.

"Mama?"

"Umekosea namba."

"Mama, ni mimi! Ni Twaha!"

"Mwanangu Twaha alifia Makka, siku ya Jumanne, na ihramu yake mwilini. Shekhe amekuja. Watu wamekula. Nimeshapewa pole na nimeshapewa hongera, na nilizozipokea sirudishi." Sauti yake ilikuwa kavu, hata haikupanda. "Wewe ukitaka kuwa hai, kuwa hai huko huko uliko."

"Mama, lakini ndiye!" Salma akalia. "Namwona, ni mume wangu, ananiona!"

"Salma, rudi ndani."

"Mama!"

"Rudi ndani, nimesema. Eda yako haijaisha."

"Salma, usiende!" Twaha aliikamata simu kwa mikono miwili, chupa ya chai ikaanguka ikamwagika. "Salma, nitazame! Mimi niko hai, usiende!"

Salma alimtazama. Wanawake wote wa ule ua walikuwa wanamtazama yeye. Akafuta machozi kwa ncha ya kanga, akaivuta mpaka ikamfunika macho, akainuka. Twaha alimwona anavuka ua, anainama kwenye mlango wa chumba, anaingia. Mlango ukafungwa kwa ndani.